Garibaldi: Nahodha aliyeiunganisha Italia, akarudi nyumbani na gunia la mbegu

Tukizungumza mapinduzi ya umma, wengi wetu tunakimbilia Ufaransa ya 1789 au Urusi ya 1917. Italia tunaijua kwa mpira, kwa Papa na kwa wageni waliojenga majumba Malindi na Watamu. Wachache wanakumbuka kwamba Italia yenyewe, kama nchi moja, ilizaliwa juzi tu. Ilipotangazwa rasmi mwaka 1861, ngome yetu ya Fort Jesus ilikuwa imeshasimama zaidi ya miaka 260.

Kuzaliwa huko kulimwaga damu nyingi, na aliyebeba mzigo mkubwa vitani alikuwa mtu wa pwani, mwana wa baharia, Giuseppe Garibaldi. Maisha yake yanafaa kusomwa na yeyote anayejiuliza swali ambalo kila kizazi hujiuliza: wananchi wakishainuka na kushinda, ushindi unabaki mikononi mwa nani?

Mwana wa bahari

Garibaldi alizaliwa Nice tarehe 4 Julai 1807. Mji huo wakati ule ulikuwa chini ya Napoleon, na alipoanguka ukarudi kwa mfalme wa Sardinia, ambaye makao yake yalikuwa Torino. Baba yake, Domenico, alikuwa na chombo cha kubebea bidhaa kutoka bandari hadi bandari. Wazazi walitaka kijana asome apate kazi ya nchi kavu, lakini yeye hakuona raha ila majini. Alianza ubaharia akiwa kijana mdogo, akazunguka Bahari ya Kati na Bahari Nyeusi, na mwaka 1832, akiwa na miaka 24, akapata cheti cha unahodha.

Italia ya siku zile haikuwa nchi. Baada ya 1815 wafalme wa Ulaya waliigawa vipande. Milano na Venezia zilikuwa chini ya Austria. Roma na maeneo ya katikati yalitawaliwa na Papa. Kusini, kuanzia Napoli hadi kisiwa cha Sicilia, kulikuwa na ufalme wa ukoo wa Bourbon. Kaskazini magharibi alikuwapo mfalme wa Sardinia, na katikati ya hao wote palikuwa na watawala wadogo wadogo. Msafiri aliyetoka Milano kwenda Napoli alipita mpaka baada ya mpaka, na kila mmoja una askari wake na ushuru wake.

Mwaka 1831 kijana wa Genova aliyekuwa uhamishoni Marseille, Giuseppe Mazzini, alianzisha chama cha siri kilichoitwa Italia Changa. Mazzini alitaka mambo mawili kwa pamoja: Italia iwe moja, tena iwe jamhuri isiyo na mfalme. Garibaldi alikutana na mafundisho hayo katika safari zake za Bahari Nyeusi mwaka 1833, akayashika kwa moyo wote. Mwaka uliofuata alishiriki njama ya kuwachochea mabaharia wa Genova waasi. Njama ikafichuka. Alikimbilia Ufaransa, na huku nyuma mahakama ikamhukumu kifo bila yeye kuwapo.

Miaka ya Amerika Kusini

Aliyehukumiwa kifo kwao hana budi kutafuta kwao kwingine. Garibaldi alivuka Bahari ya Atlantiki hadi Brazil, na huko akajiunga na watu wa jimbo la Rio Grande do Sul waliokuwa wameasi dhidi ya mfalme mkuu wa nchi hiyo. Ni hapo alipojifunza vita vya wanyonge: kupiga haraka, kuhama usiku, kupata chakula njiani na kutomngoja adui ajipange. Mwaka 1839 maadui walipofunga mlango wa bahari, yeye na wenzake walizipandisha mashua mbili juu ya magurudumu, wakazivuta kwa ng'ombe kupita nchi kavu, wakazishusha baharini upande wa pili.

Mwaka huo huo, katika mji wa Laguna, alikutana na Ana Maria Ribeiro, ambaye dunia inamjua kwa jina la Anita. Anita alijua kupanda farasi kuliko yeye, na hakukaa nyuma vita vilipopamba. Walipata mtoto wao wa kwanza mwaka 1840, wakahamia Montevideo, mji mkuu wa Uruguay, na wakafunga ndoa mwaka 1842. Garibaldi aliunda huko kikosi cha Waitaliano wenzake kuutetea mji uliokuwa umezingirwa. Kikosi hicho ndicho kilichovaa kwanza mashati mekundu. Husimuliwa kwamba yalikuwa mashati ya wafanyakazi wa machinjio, yakapatikana kwa bei rahisi. Baadaye shati hilo likawa alama iliyojulikana dunia nzima.

Mwaka wa moto

Mwaka 1848 Ulaya ililipuka. Wananchi wa Palermo waliinuka Januari, Paris Februari, Vienna Machi. Watu wa Milano walipigana barabarani siku tano, wakawatoa askari wa Austria mjini. Venezia ikatangaza jamhuri. Garibaldi alipopata habari alipanda chombo na watu wapatao 60, akarudi nyumbani baada ya miaka kumi na zaidi ugenini.

Mapinduzi yale hayakudumu. Mfalme wa Sardinia aliyejitia mbele kuongoza vita dhidi ya Austria alishindwa mara mbili, mwaka 1848 na 1849, akaacha kiti kwa mwanawe, Vittorio Emanuele wa Pili. Tumaini likabaki Roma. Papa Pius wa Tisa alikuwa amekimbia mji Novemba 1848, na tarehe 9 Februari 1849 wananchi wakatangaza Jamhuri ya Roma. Mazzini akawa mmoja wa viongozi watatu, Garibaldi akawa kati ya wakuu wa ulinzi.

Aliyekuja kuizima jamhuri hiyo alikuwa jamhuri mwenziwe, Ufaransa, iliyotuma jeshi kumrudisha Papa. Tarehe 30 Aprili Garibaldi na vijana wake waliwarudisha nyuma Wafaransa nje ya kuta za mji. Wafaransa wakaongeza askari na mizinga, na baada ya mwezi mzima wa mapigano mji ukaanguka. Tarehe 2 Julai Garibaldi alitoka Roma na watu wapatao 4,000, huku majeshi yakimwinda kila upande. Anita alikuwa naye, tena mjamzito na mgonjwa. Alifariki tarehe 4 Agosti 1849 katika nyumba ya wakulima karibu na Ravenna, na mumewe hakupata hata nafasi ya kumzika, kwa kuwa maadui walikuwa nyuma yake.

Alirudi uhamishoni. Alifanya kazi katika kiwanda kidogo cha mishumaa karibu na New York, kisha akarudia kazi aliyoijua. Kutoka Peru alipewa meli, akaivusha Bahari ya Pasifiki hadi China, na katika safari hiyo akapita hata bahari za Australia. Mwaka 1855, kwa urithi alioupata, alinunua nusu ya Caprera, kisiwa cha mawe karibu na Sardinia, akajenga nyumba na kulima.

Jamhuri au umoja?

Hapa ndipo ulipotokea uamuzi mkubwa wa maisha yake. Mazzini alishikilia kwamba bila jamhuri umoja hauna maana. Garibaldi, aliyeona maasi mengi yakizimwa kwa kukosa jeshi na fedha, aliona tofauti. Alikubali kufanya kazi na Mfalme Vittorio Emanuele, nchi iwe moja kwanza, mengine yafuate. Waziri mkuu wa mfalme, Cavour, alikuwa mwanasiasa mjanja ambaye hakuyapenda mapinduzi ya mitaani hata kidogo. Alimtumia Garibaldi alipomhitaji na kumwekea breki alipomwogopa.

Mwaka 1859 Sardinia na Ufaransa zilipigana na Austria, na Garibaldi akaongoza watu wa kujitolea milimani kaskazini. Milano ikapatikana. Lakini Ufaransa ilitaka malipo, na mwaka 1860 Cavour akaitoa Nice, mji wa kuzaliwa wa Garibaldi. Nahodha akajikuta mgeni katika mji wa kwao. Hakumsamehe Cavour.

Watu elfu moja na meli mbili

Aprili mwaka huo maasi yalizuka Palermo. Usiku wa kuamkia tarehe 6 Mei 1860 Garibaldi aliondoka Quarto, karibu na Genova, kwa meli mbili za moshi za kampuni ya Rubattino, Piemonte na Lombardo. Kwa hesabu inayokubalika walikuwa watu 1,089: wanafunzi, mawakili, madaktari, mafundi na vibarua, wengi wao kutoka kaskazini, na silaha zao mbovu. Mwanamke alikuwa mmoja, Rosalia Montmasson, mke wa Francesco Crispi, Msicilia aliyekuwa mshauri wa siasa wa msafara.

Walishuka Marsala tarehe 11 Mei. Siku nne baadaye, huko Calatafimi, walipanda kilima wakiwa wamekaza singe na kuwafukuza askari wa Bourbon waliowazidi kwa idadi. Tarehe 27 Mei waliingia Palermo, mji uliokuwa na askari wapatao 20,000. Raia waliweka vizuizi barabarani na kugonga kengele za makanisa, na baada ya siku chache za mapigano jeshi la mfalme likaomba kusimamisha vita. Agosti Garibaldi alivuka mlango wa Messina. Tarehe 7 Septemba aliingia Napoli kwa garimoshi, akitangulia jeshi lake, na mfalme wa huko alikuwa ameshakimbia. Mwanzoni mwa Oktoba, kwenye mto Volturno, jeshi lake lililokuwa limekua na kuzidi watu 20,000 lilizuia shambulio la mwisho kubwa la Bourbon.

Kwa muda usiofika miezi mitano, baharia huyu alikuwa ameshika ufalme mzima wenye watu wapatao milioni 9.

Ahadi ya ardhi

Kwa nini wakulima wa Sicilia walimpokea mgeni kutoka kaskazini? Wengi wao neno Italia halikuwaambia kitu. Walichokijua ni kodi na ardhi. Ndani ya siku chache baada ya kushuka, Garibaldi alifuta kodi ya kusaga nafaka, iliyowafanya maskini walipe kabla ya kula mkate. Tarehe 2 Juni ikatolewa amri kwamba ardhi ya jamii igawanywe, na waliopigania nchi wapate fungu lao. Msomaji wa Pwani haitaji kufafanuliwa habari kama hiyo inafanya nini moyoni mwa mtu anayelima shamba asilolimiliki.

Katika mji wa Bronte, chini ya mlima Etna, wakulima walingoja ugawaji wasiuone. Sehemu kubwa ya ardhi ya huko ilikuwa ya warithi wa Nelson, jemadari wa Uingereza, aliyepewa na mfalme wa Bourbon mwaka 1799. Mwanzoni mwa Agosti 1860 hasira ilifurika. Watu 16 waliuawa, miongoni mwao wakiwa matajiri na maofisa wa mji, na nyumba zikachomwa. Garibaldi, aliyekuwa akijiandaa kuvuka kwenda bara na hakutaka vurugu nyuma yake wala ugomvi na Uingereza, alimtuma jemadari wake Nino Bixio. Kesi ilisikizwa harakaharaka, na tarehe 10 Agosti watu 5 walipigwa risasi. Mmoja alikuwa wakili Nicolò Lombardo, aliyekuwa amewasimamia wakulima kwa miaka mingi. Mwingine alikuwa mtu aliyejulikana mji mzima kuwa na kasoro ya akili.

Wasifu nyingi za Garibaldi hulipita jambo hili kwa mstari mmoja. Halistahili kupitwa hivyo. Wale waliouawa walikuwa wamemwamini.

Kukabidhi nchi

Tarehe 21 Oktoba wananchi wa kusini walipiga kura kujiunga na ufalme wa Vittorio Emanuele. Siku tano baadaye Garibaldi alikutana na mfalme karibu na Teano, akamtambua kuwa Mfalme wa Italia. Aliomba apewe kusini kuiongoza kwa mwaka mmoja, na askari wake waingizwe jeshini kwa vyeo vyao. La kwanza alikataliwa, la pili alipata nusu nusu. Mfalme alimtunukia vyeo na mali, naye akavikataa. Tarehe 9 Novemba aliondoka Napoli kwenda Caprera, na mizigo yake ilikuwa chakula kidogo na gunia la mbegu.

Dunia ilistaajabu, na ilikuwa na haki. Ni wangapi waliowahi kushika nchi nzima kwa mkono wao, kisha wakaitoa bila kudai hata shamba?

Lakini hebu tutazame waliobaki nyuma yake. Ufalme wa Italia ulipotangazwa tarehe 17 Machi 1861 ulikuwa na watu wapatao milioni 22, na wenye haki ya kupiga kura hawakufika 2 kwa kila 100. Ardhi iliyotolewa kugawanywa ilinunuliwa zaidi na waliokuwa na fedha, na mkono mtupu haulambwi. Maelfu ya wakulima na askari wa zamani waliingia misituni, na serikali mpya ikawaita majambazi, ikapeleka makumi ya maelfu ya wanajeshi kupigana nao kwa miaka kadhaa. Mwaka 1868 Bunge la Italia likapitisha tena kodi ya kusaga nafaka, ile ile aliyoifuta Garibaldi.

Miaka ya mwisho

Yeye mwenyewe hakutulia. Mwaka 1861 serikali ya Abraham Lincoln ilimwalika aongoze askari katika vita vya Marekani. Alitaka kwanza kujua kama vita hivyo ni vya kuwakomboa watumwa, na kwa kuwa jibu halikuwa wazi wakati ule, hakwenda. Mwaka 1862 alikusanya watu kuiendea Roma, na tarehe 29 Agosti, huko Aspromonte, jeshi la Italia aliyoiunganisha lilimpiga risasi mguuni. Shukrani ya punda ni mateke. Mwaka 1864 London ilifurika watu kumlaki, wengi wao wafanyakazi. Mwaka 1866 alipigana tena na Austria, akawa anasonga mbele alipoagizwa asimame na kurudi nyuma. Alijibu kwa telegramu ya neno moja, kwamba anatii. Mwaka 1867 alishindwa Mentana na majeshi ya Papa na Ufaransa. Roma iliingia mikononi mwa Italia tarehe 20 Septemba 1870, naye hakuwapo.

Mwaka huo huo, Ufaransa ilipovamiwa na Wajerumani na kuwa jamhuri tena, mzee huyu mwenye maumivu ya viungo alikwenda kuipigania, nchi ile ile iliyoivunja Jamhuri ya Roma na kuchukua mji wa kwao. Alisema na kuandika juu ya haki ya kila mtu kupiga kura, elimu ya bure na amani kati ya mataifa. Mazzini alikufa mwaka 1872 mjini Pisa, katika nchi aliyoiota, akiwa amejificha kwa jina la bandia. Garibaldi alifariki Caprera tarehe 2 Juni 1882, akiwa na miaka 74. Aliagiza mwili wake uchomwe kwa kuni pale kisiwani, bila sherehe. Wakubwa hawakumsikiza. Walimzika kwa heshima za serikali.

Italia inafika kwetu

Kuna jambo moja linalotuhusu sisi wa ukanda huu. Kampuni ya Rubattino, iliyokuwa na zile meli mbili za msafara wa 1860, ndiyo iliyonunua ghuba ya Assab katika Bahari ya Sham mwaka 1869. Mwaka 1882, mwaka aliokufa Garibaldi, serikali ya Italia ikaichukua Assab kuwa koloni lake la kwanza Afrika. Crispi, aliyemsaidia Garibaldi kuandika amri za ukombozi Sicilia, ndiye aliyekuwa waziri mkuu Italia ilipotangaza koloni la Eritrea mwaka 1890 na iliposhindwa na Waethiopia huko Adwa mwaka 1896. Bandari za Benadir, pamoja na Barawa ya jamaa zetu wanaosema Chimiini, zilikodishwa kwa Italia na Sultani wa Zanzibar mwaka 1892. Watu waliolia miaka hamsini kwamba hakuna taifa lenye haki ya kutawala taifa jingine hawakuchelewa kulisahau neno hilo walipopata bendera yao.

Kosa la Garibaldi, kwa maoni yangu, halikuwa kukataa madaraka. Huo ulikuwa ubora wake, na viongozi wa kuiga mfano huo ni adimu hadi leo. Kosa lake lilikuwa kukabidhi nchi kabla ya kutimiza ahadi. Alimwamini mfalme kwa jambo ambalo lilipaswa kuandikwa, kupimwa na kugawanywa angali na nguvu mkononi. Alijiona kwamba yeye hadai kitu, akasahau kwamba wakulima wa Bronte walikuwa wanadai, tena kwa haki. Mtu anaweza kusamehe deni lake mwenyewe. Deni la wengine hana ruhusa ya kulisamehe.